Brötchen nyumbani: mikate midogo ya Kijerumani yenye ganda linalovunjika

Ukiibana Brötchen iliyookwa vizuri kati ya vidole, ganda lake hupasuka kwa sauti na chembe nyembamba za rangi ya dhahabu hudondoka mezani. Ndani ni nyeupe na nyepesi, na ukiibonyeza hurudi yenyewe. Haina mayai, kwa kawaida haina maziwa, na mafuta na sukari huingia kidogo mno. Aliyezoea kuoka skonzi au bansi itambidi aziache kando desturi zake kadhaa, kwa sababu maziwa, sukari na siagi vinavyoifanya skonzi iwe laini ndivyo vinavyoliua ganda. Mwongozo rasmi wa mikate wa Ujerumani wenyewe unaweka mpaka: mafuta na sukari kwa pamoja yawe chini ya sehemu 10 kwa kila sehemu 90 za nafaka, na mkate mdogo usizidi gramu 250. Waokaji wenyewe hukaa chini kabisa ya mpaka huo, kwenye asilimia 1 au 2 ya uzito wa unga.

Sehemu kubwa ya Ujerumani huitwa Brötchen. Berlin ni Schrippe, Hamburg Rundstück, Bavaria Semmel, na kusini-magharibi Weck au Weckle. Maumbo hutofautiana, lakini unga wa msingi ni mmoja, nao ndio tunaoufanya hapa.

Unga na vingine

Wajerumani hutumia unga wa ngano wa Type 550. Namba hiyo ni miligramu za majivu yanayobaki ukichoma gramu 100 za unga mkavu, maana yake inapima ni kiasi gani cha ganda la punje kimebaki ndani ya unga. Aliye Ujerumani atanunua 550 dukani moja kwa moja. Asichukue 405, huo ni wa keki. Ufaransa T55 inakaribia sana. Marekani na Kanada, unga wa kawaida wa matumizi yote wenye protini ya gramu 11 hadi 12 unatosha. Ule maalumu wa mkate una nguvu kupita kiasi na hutoa mkate mgumu kutafuna. Tanzania na Kenya, chukua unga mweupe wa ngano wa kawaida na usome ubavuni mwa pakiti: ukikuta protini ya gramu 10.5 hadi 12 kwa kila gramu 100, uko sawa. Unga uliokwisha kutiwa hamira ya unga (baking powder) kiwandani usiuguse, na ule wa ngano nzima pekee utakupa mkate mwingine kabisa.

Kwa mikate 12 unahitaji unga gramu 500, maji gramu 300, chumvi gramu 10, hamira kavu ya papo hapo gramu 3 (kijiko cha chai kilichosawazishwa), siagi au mafuta gramu 5, na kimea cha shayiri gramu 5. Pima vyote kwa mizani, maji pia. Kikombe kimoja cha unga kinaweza kutofautiana kwa gramu 30 kulingana na ulivyokijaza, na katika unga mkavu kama huu gramu 30 zinaharibu kila kitu.

Mapishi mengi ya zamani hutumia mafuta ya nguruwe. Siagi au mafuta ya alizeti yanafanya kazi ileile, kwani kazi yenyewe ni ndogo: kuufanya unga unyooke kwa wepesi na ganda liwe jembamba.

Kimea kinastahili maelezo zaidi. Ni nafaka iliyooteshwa, ikakaushwa kwa moto mdogo ili vimeng'enya vyake visife, kisha ikasagwa. Vimeng'enya hivyo hugeuza wanga wa unga kuwa sukari, hamira ikala, na inayobaki ikalipa ganda rangi na harufu. Asilimia 1 ya uzito wa unga inatosha. Ukizidisha, ndani ya mkate hunata kama haujaiva. Usipopata cha shayiri, kimea cha ulezi kinachouzwa sokoni kwa ajili ya togwa na pombe kina vimeng'enya vingi pia: chekecha vizuri, tumia gramu 3 tu, na usishtuke kuona vidoadoa. Ukikosa vyote, weka sukari au asali gramu 5. Utapata rangi, ladha itapungua kidogo. Unga mwingi wa Marekani umeshawekewa kimea kiwandani, kwa hiyo huko acha kabisa.

Jioni: chachu ya awali

Kati ya vipimo hivyo toa unga gramu 150 na maji gramu 150. Changanya kwenye bakuli pamoja na punje chache za hamira, zile zinazoshikika kwa ncha za vidole viwili, na si zaidi. Funika. Katika chumba cha nyuzi joto 20 hadi 22, iache mezani kwa saa 12. Dar es Salaam au Mombasa, ambako miezi ya joto jikoni usiku mara nyingi hakushuki chini ya nyuzi 27, iache nje saa 2 au 3 mpaka uone vipovu vya kwanza, kisha iingie kwenye friji hadi asubuhi.

Chachu iliyokomaa imejaa vipovu, imevimba, na katikati imeanza kuzama kidogo tu. Inanukia maziwa mgando mepesi. Ikiwa imeshaporomoka, ina majimaji juu na harufu kali ya pombe, imepitiliza: gluteni yake (protini ya ngano inayoushikilia unga) imelegea na mikate itatambaa. Wengi huiruka hatua hii kwa kuongeza hamira, na mkate unaotoka una umbo zuri lakini hauna ladha, na jioni tayari umekauka. Kama kuna hatua moja ya kuipa muda wake, ni hii.

Asubuhi: kukanda

Weka kwenye bakuli chachu yote, unga gramu 350 uliobaki, maji gramu 150 yaliyobaki, hamira, kimea na siagi. Chumvi ije dakika chache baadaye, unga ukishashikana. Maji yawe ya joto gani? Inategemea. Lengo ni unga uliomaliza kukandwa uwe na nyuzi 25 au 26. Chachu ikitoka kwenye friji, maji ya kawaida ya bomba yanafaa; ikiwa ililala mezani na jikoni ni joto, tumia maji ya barafu. Unga ukifika nyuzi 30 utaumuka haraka kuliko utakavyoweza kuufinyanga, na mikate ya mwisho haitafanana na ya kwanza.

Kwa mashine, dakika 4 mwendo wa chini na dakika 5 au 6 mwendo wa kati. Kwa mikono, dakika 12 hadi 15 bila kuongeza unga mezani. Mwanzoni utauona mgumu. Ni unga wa ugumu wa chapati, na unatakiwa ubaki hivyo. Jizuie kuongeza maji. Unga laini hutoa mkate wenye matundu makubwa na ganda nene, na chale utakayochanja haitafunguka. Umekwisha ukiwa laini kama ngozi, haunati kiganjani, na kipande kidogo ukikivuta taratibu kinakuwa utando unaopitisha mwanga kabla ya kuchanika.

Funika, uache saa 1. Nusu ya muda ikipita, ukunje mara moja: vuta kila upande, ulaze katikati, geuza. Usingoje ukue mara mbili; nusu zaidi ya ulivyokuwa inatosha.

Kufinyanga

Gawa madonge 12 ya gramu 68 au 69. Yakiiva yatapoteza maji na kubaki na gramu 56 hivi, uzito wa karibu na ule wa dukani Ujerumani. Usikadirie kwa macho, kwa sababu donge dogo litaungua wakati kubwa bado bichi ndani.

Meza isiwe na unga. Weka donge mezani, lifunike kwa kiganja kilichopinda, kisha zungusha mkono kwa duara dogo huku ukingo wa kiganja ukigusa meza. Donge likikwama kidogo mezani ndipo ngozi yake ya juu inapokazika. Likiteleza kwa sababu ya unga mkavu, litazunguka tu bila kukaza chochote. Baada ya mizunguko saba au minane utahisi limekuwa mpira. Liache, funika yote, yapumzike dakika 15. Bila mapumziko haya hatua inayofuata itachana ngozi uliyotoka kuijenga.

Kwa mkate wa chale, ambao ndio wa kuanzia, bonyeza donge liwe duara bapa, kunja theluthi ya juu hadi katikati, kisha kunja tena hadi chini na ubonyeze mshono kwa ukingo wa kiganja. Viringisha kidogo ncha zipungue. Laza mshono ukiwa chini juu ya kitambaa kilichonyunyiziwa unga kidogo.

Schrippe ya Berlin ya mtindo wa zamani haichanjwi. Donge lililopumzika hupakwa juu unga wa rai, yaani nafaka ya rye (unga wa mchele unafaa pia), kisha hubonyezwa katikati kwa mpini wa mwiko karibu ufike mezani, likakunjwa kwenye mfereji huo na kulazwa na mkunjo ukiwa chini. Wakati wa kuoka hugeuzwa, na mkunjo hufunguka wenyewe kwa mvuke. Unga wa rai upo pale kuzuia midomo miwili isigandane. Ni njia nzuri kwa asiye na mkono mwepesi wa wembe.

Kaisersemmel yenye nyota ya pande tano, asili yake Austria, inataka mazoezi zaidi: bonyeza donge bapa, weka dole gumba katikati, kunja ukingo juu ya dole kisha gonga kwa ubavu wa mkono mwingine; rudia mara nne, na ncha ya tano isukume ndani ya shimo ulilotoa dole. Iumuke kifudifudi, igeuzwe kabla ya kuoka.

Ukitaka ufuta, mbegu za alizeti au za maboga, lowesha sehemu ya juu mara tu baada ya kufinyanga na ulichovye donge kwenye sahani ya mbegu. Mbegu za mpopi ndizo za jadi kabisa, ila aliye Falme za Kiarabu aziache, kwa sababu huko zimepigwa marufuku.

Kuumuka mara ya pili, na kujua lini imetosha

Hapa ndipo Brötchen nyingi za nyumbani zinapokufa. Mkate wa kawaida wa sufuria unaweza kuachwa uumuke hadi mwisho. Huu hapana. Unaingia kwenye oveni ukiwa umefika robo tatu ya safari, ili ile robo iliyobaki itokee ndani ya joto na kuipasua chale. Kwa nyuzi 25 ni dakika 40 hadi 50; kwa nyuzi 30 zinaweza kuwa 25 tu. Nairobi, kwenye mita karibu 1,800 juu ya bahari, hewa ni nyepesi na unga huvimba haraka kuliko joto la chumba linavyoonyesha, kwa hiyo anza kuchungulia mapema.

Tumia kidole. Bonyeza ubavu wa mkate kwa kina cha nusu sentimita. Alama ikirudi papo hapo, bado. Ikirudi polepole na kuacha kivuli kidogo, oka sasa. Ikibaki kama ilivyo, umechelewa. Oka bila kuchanja, utaokoa kitu.

Wakati wote huo iwe imefunikwa. Ngozi ikikauka haitanyooka, na mkate utachanika pembeni badala ya juu.

Oveni na mvuke

Washa oveni nyuzi 240 angalau dakika 40 kabla, ukiwa na trei nzito iliyopinduliwa au jiwe la kuokea katikati, na karai la chuma la zamani chini kabisa. Feni izimwe, inakausha. Kipimajoto cha oveni cha bei ndogo ni cha lazima kwa maoni yetu, kwani vitufe vya oveni nyingi husema 240 wakati ndani ni 210.

Hamishia mikate kwenye karatasi ya kuokea, mshono chini. Chanja kila mmoja chale moja ya urefu kwa wembe mpya, kina cha nusu sentimita hadi moja, kwa mkono mmoja bila kurudia. Sukuma karatasi juu ya trei ya moto, mimina nusu kikombe cha maji yanayochemka ndani ya karai, funga mlango mara moja. Vaa glavu ndefu, uso uwe mbali, na usidondoshee maji kioo cha mlango: kinaweza kupasuka.

Mvuke unafanya mambo mawili. Unaiweka ngozi ya mkate ikiwa na unyevu ili iendelee kunyooka dakika za kwanza, na unaupika wanga wa juu ukawa utando unaong'aa. Lakini mvuke ukikaa hadi mwisho, ganda linakuwa jororo. Kwa hiyo baada ya dakika 8 fungua mlango sekunde kadhaa utoke wote, teremsha hadi nyuzi 220, na uoke dakika 10 hadi 12 nyingine. Dakika mbili za mwisho acha mlango wazi kidogo kwa kuubana na mwiko.

Oveni ya gesi ina tundu la kutolea hewa, na mvuke wako utatokea humo. Dawa yake ni sufuria pana: ipashe moto ndani ya oveni, kisha funika mikate sita sita kwa kuipindua sufuria juu yake baada ya kunyunyizia maji, na baada ya dakika 8 iondoe. Mvuke wa mikate yenyewe unatosha. Ni njia ileile inayofanya kazi kwenye jiko la mkaa, sufuria nzito yenye mfuniko na makaa juu na chini, makaa mengi zaidi juu.

Mkate ulioiva una rangi ya kahawia ya dhahabu hadi ubavuni, na ukiugonga chini unalia mtupu. Kwa kipimajoto, katikati iwe nyuzi 96 hadi 98 pwani. Nairobi maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi, hivyo usisubiri namba hiyo; 92 au 93 ndiyo mwisho wake, na kusubiri zaidi ni kuukausha. Mara tu mikate ikitoka, inyunyizie maji kidogo, kisha iache kwenye wavu wa waya. Ndani ya dakika chache utasikia ganda likialika na kuona nyufa nyembamba zikitandaa juu yake. Hizo ni alama ya kazi nzuri.

Ikiharibika

Chale haikufunguka: mara nyingi uliiacha mikate iumuke kupita kiasi, na kama sivyo, mvuke haukutosha. Mkate umepasuka ubavuni au chini: uliuwahisha kwenye oveni kabla haujaumuka vya kutosha, au chale ilikuwa ya juujuu, kwa hiyo gesi ikatafuta njia nyingine. Rangi hafifu ingawa umeoka muda wote maana yake sukari ya unga imeliwa, ama chachu ilipitiliza ama hamira ilikuwa nyingi; kuongeza dakika kutaunenepesha tu ganda. Ganda gumu la kuumiza meno linatokana na oveni ya joto dogo kwa muda mrefu. Tundu kubwa chini ya ganda ni unga mkavu uliofungiwa ndani wakati wa kukunja.

Na ile ya watu wengi: ganda lililia vizuri, baada ya nusu saa likawa laini na lenye mikunjo. Mkate haukukauka vya kutosha, maji ya ndani yamehamia nje. Dakika tatu za ziada na mlango ulioachwa wazi kidogo humaliza tatizo. Pwani, hewa yenyewe ina unyevu, na hata mkate uliookwa sawasawa hulegea baada ya saa chache. Huo si upungufu wako.

Kuipata kabla ya kazi au shule

Punguza hamira ya asubuhi hadi gramu 1.5, kanda jioni (chachu ya awali iwe imeanza asubuhi hiyo), finyanga, iweke kwenye friji ya nyuzi 4 au 5 ikiwa imefunikwa vizuri kwa saa 9 hadi 11. Asubuhi washa oveni, chanja mikate ikiwa baridi bado, oka. Unga baridi huchanjika vizuri kuliko wa joto, hii ni faida ya ziada.

Iliyobaki usiiweke kwenye friji, kwani baridi ya nyuzi chache juu ya sifuri ndiyo inayochakaza mkate haraka kuliko joto la chumba. Mfuko wa plastiki nao hulilainisha ganda. Igandishe siku hiyohiyo ikishapoa. Siku ya kula, ipitishe chini ya bomba sekunde moja ikiwa ingali imeganda, iingize kwenye oveni ya nyuzi 200 kwa dakika 7 hadi 8, na uile ndani ya saa moja, kwa sababu ganda lililofufuliwa haliwezi kufufuliwa mara ya pili.